Mtungi wa muda unasumbua? Soma dalili kwanza kabla hujagusa uchawi

Hii ni kwa ajili yenu mnaoandika hadithi za kubuni za huku kwetu, Mbeya, Iringa, Njombe mpaka Rukwa huko, ambazo ndani yake kuna mtungi wa kurudisha muda. Kifaa chenyewe ni cha kubuni, sawa, ila magonjwa yake ni ya kweli na yanaua hadithi nzuri, unakuta mtu kaandika sura nane za maana kabisa alafu ya tisa mtungi unafanya kitu hakieleweki, msomaji anaweka simu pembeni harudi tena, na inauma kwa sababu kazi ilikuwa nzuri. Mwandishi akiambiwa anakimbilia kuongeza uchawi, anaweka hirizi, anaweka mzimu wa kulinda, wakati kilichoharibika ni maji, au saa, au kalenda, vitu vya kawaida ambavyo msomaji wa Uyole au wa Makambako anavijua vizuri tu. Mtungi kurudisha muda atakubali bila ubishi. Maji kufanya yasiyofanywa na maji hakubali.

Kwa hiyo mimi naenda hivi: kwanza naukagua mtungi kama mtungi wa kawaida, ukiwa mzima naangalia saa na kalenda, na kama huko nako kuko sawa ndo naingia kwenye sheria za uchawi.

Mtungi ninaouzungumzia hapa uko hivi. Ni wa udongo, umefinyangwa na Wakisi kule mwambao wa Ziwa Nyasa, pande zake zimenyooka wima hauna tumbo, ndani una kina cha sentimita 32, chini kuna tundu la kupita sindano ya kushonea magunia na limezibwa kwa nta ya nyuki. Unajaza maji, unataja siku na saa unayotaka, unatoa nta. Maji yanapotoka msafiri yuko huko, yakiisha anavutwa kurudi, na mtungi uliojaa unachukua saa nne. Mtungi wenyewe unabaki nyumbani na lazima awepo mtu wa kuulinda. Maji yanampeleka msafiri pale pale yalipochotwa, ya Ziwa Ngozi yanamtua Ngozi, ya Mto Kiwira yanamtua Kiwira. Na hawezi kwenda nyuma kuliko umri wa maji yenyewe, maji ya kijito ni ya mvua za juzi tu kwa hiyo hayafiki mbali, maji ya chemchemi yamekaa ardhini miaka, na maji ya chini sana yanaweza kuwa na umri wa maelfu ya miaka, hilo la mwisho sijalibuni mimi, maji ya ardhini ndivyo yalivyo. Kama mtungi wako una sheria tofauti poa, ila ziandike mahali uzione, maana bila hizo huwezi kupima chochote.

Dalili: msafiri anarudi wakati ambao mlinzi hakutegemea

Hii ndo inaongoza kwa mbali. Mwandishi kasema mtungi una saa nne, kachora alama ndani zilizoachana sawasawa sentimita nane nane, alafu shangazi aliyebaki kulinda anaona maji yamefika nusu anasema, "Bado saa mbili, ngoja nikachume mboga." Msomaji ambaye amewahi kuzibua pipa la maji anajua hapo kuna kitu hakiko sawa, maji yakiwa mengi yanakandamiza tundu yanatoka kwa nguvu, yakipungua yanatoka kinyonge, na mwishoni ni matone.

Ukipiga hesabu ndo unaona tatizo ni kubwa kiasi gani. Kwenye mtungi huu wa pande wima, sentimita nane za kwanza zinaondoka ndani ya dakika 32 hivi, nusu ya kina inafika baada ya saa moja na dakika 10, na zile sentimita nane za chini kabisa peke yake zinakula saa mbili nzima. Kwa hiyo shangazi akiona nusu bado kuna karibu saa tatu, hajakosea kidogo, amekosea vibaya, na kama kule mjukuu wake ameahidiwa kuvutwa kabla adui hajafika basi adui atamkuta.

Matibabu ni alama, usiguse kingine. Kwa mtungi wa kina cha sentimita 32 na saa nne, pima kutoka chini: saa ya kwanza ikiisha maji yawe sentimita 18, ya pili sentimita 8, ya tatu sentimita 2, alafu hizo mbili za mwisho ndo saa ya nne. Angalia zilivyobanana kule chini, na hiyo ni zawadi kwa mwandishi, saa ya mwisho mlinzi anakodolea macho sentimita mbili za maji na hawezi kujua kama zimebaki dakika arobaini au kumi. Hofu unaipata bure kabisa. Ukitaka alama zilizoachana sawa basi badilisha umbo la mtungi, uwe mpana juu na mwembamba chini, Wamisri wa kale walifanya hivyo hivyo na saa yao ya maji ya jiwe iliyopatikana Karnak, ya enzi za Farao Amenhotep wa Tatu, imepanuka juu kwa sababu hiyo hiyo.

Sasa alama ziko sahihi lakini mtungi uliomaliza saa nne Kyela, ukiupandisha Kitulo hauishi. Hapa kuna watu wanaleta Einstein, wanasema mlimani muda unaenda tofauti. Ni kweli unaenda tofauti, ila saa iliyo juu ndo inatangulia, haichelewi, na tofauti ya Kyela yenye mita kama 500 na Kitulo yenye mita 2,600 hivi ni kama maikrosekunde 7 kwa mwaka mzima, huwezi kuiona hata ukilinda mtungi maisha yako yote. Kinachochelewesha ni baridi. Maji ya nyuzi 10 yana mnato, yaani ugumu wa kutiririka, zaidi ya mara moja na nusu ya maji ya nyuzi 30, na kwenye tundu dogo kama la sindano huo mnato unayachelewesha. Kule Kitulo Juni na Julai usiku inafika barafu asubuhi majani meupe, sasa mtungi umepimwa Kyela kwenye joto la mpunga unategemea ufanye kazi sawa? Pima upya kila unapouhamishia, au mlinzi akae nao ndani karibu na moto, na kama hadithi inataka msafiri akwame basi umeshapata namna, moto uzimike.

Mtungi ukiisha mapema kuliko hesabu, angalia jasho. Mtungi wa udongo usiopakwa kitu unatoa maji kwenye ngozi yake, ndo maana maji ya mtungini ni ya baridi, yanavukizwa nje yanaondoka na joto. Septemba na Oktoba Usangu hewa ni kavu na upepo upo, unapoteza maji mengi kuliko Tukuyu ambako mvua haikatiki na hewa yenyewe imeloa. Mtungi mpya ni mbaya zaidi unakunywa maji kabla ya kuanza kutoa jasho, kwa hiyo uloweke usiku kucha kabla ya safari. Ukizidi kukawia hata sehemu ya joto, chungulia tundu, mara nyingi ni chokaa au vumbi la mfinyanzi, zibua kwa unyoya sio kwa waya, waya unapanua tundu na mtungi unakuwa mwingine kabisa.

Dalili: kafika siku sahihi ila saa siyo

Angalia kwanza kama kapishana saa sita kamili. Kama ni sita kamili sababu unaijua hata kabla sijamaliza sentensi, aliyetaja saa alihesabu kwa saa zetu na mtengenezaji wa mtungi alihesabu kwa saa za kwenye simu, au kinyume. Msafiri kaomba saa mbili asubuhi akatua saa nane usiku kwenye giza na fisi. Matibabu ni kuchagua moja kwa hadithi nzima, na mimi nasema chagua yetu, hii ni hadithi ya Nyanda za Juu na mtungi wa Wakisi hauna sababu ya kuhesabu kuanzia katikati ya usiku.

Kama tofauti ni chini ya saa moja, hasa inacheza kwenye dakika arobaini hamsini, basi umechanganya saa ya ukutani na saa ya jua. Hii naiona mara nyingi kwenye hadithi za kuviziana, "mkutane jua likiwa utosini, saa sita kamili." Mbeya jua haliwi juu kabisa saa sita kamili. Saa ya Tanzania imepangwa kwa mstari wa nyuzi 45 mashariki, ambao uko baharini huko mbele ya pwani yetu, na Mbeya iko kwenye nyuzi 33 na nusu hivi, kila nyuzi ni dakika nne, kwa hiyo kwa wastani jua linafika kileleni kama saa sita na dakika 46, na Iringa kama saa sita na dakika 37. Tena linayumba na mwaka, mwanzoni mwa Novemba Mbeya linafika saa sita na nusu, katikati ya Februari saa saba kamili. Msafiri anayefuata jua na mwenzake anayefuata saa ya mkononi watapishana karibu saa nzima, na mtungi una saa nne tu.

Utosini kabisa, yaani mtu asione kivuli chake pembeni, hiyo Mbeya ni mara mbili kwa mwaka, mwishoni mwa Februari na katikati ya Oktoba. Ukiandika mtu kakanyaga kivuli chake mchana wa Juni umekosea, Juni jua linapita upande wa kaskazini na kivuli kinalala kusini mchana kutwa.

Ikiwa msafiri anaenda miaka ya zamani, angalia kwanza saa rasmi ya huku ilikuwa ipi kipindi hicho, maana imewahi kubadilishwa. Na kama amepishana siku nzima, sikiliza alichokiambia mtungi, ukitamka "usiku wa Ijumaa" mzee wa zamani anakupeleka Alhamisi jioni na kijana anakupeleka Ijumaa jioni, mtungi nao utachagua unavyotaka. Sema usiku wa kuamkia siku gani.

Dalili: anatokea hewani, au anatokea mahali ambapo hakuomba

Hii inawapata waandishi ambao hawakufunga kifaa chao na ardhi. Dunia inazunguka, na kwa latitudo ya Mbeya ardhi inakimbia kuelekea mashariki kama kilomita 1,650 kwa saa, yaani kilomita 27 kila dakika. Ukimrudisha mtu dakika mbili bila kumfunga na kitu, Mbeya ya dakika mbili zilizopita ilikuwa bado haijafika pale alipo, anakuta chini yake ardhi ya kilomita 55 mashariki, tambarare za Usangu, ambazo ziko chini kuliko Mbeya mjini kwa mita mia kadhaa. Ameanguka. Na hapo hatujahesabu kwamba dunia nzima inalizunguka jua kwa kilomita 30 kila sekunde, ukihesabu na hiyo msafiri wa saa moja anatokea kwenye utupu mbali na dunia kwa zaidi ya kilomita laki moja.

Ndo maana mimi naipenda sheria ya maji kumpeleka msafiri pale yalipochotwa. Maji yalikuwa pale, yanajua pale. Kama kifaa chako hakina maji weka kitu kingine, jiwe la pale, mzizi wa mti uliokuwepo muda wote, chochote ambacho kimekaa na hiyo ardhi. Ukishaweka hicho swali lote limekufa na hulazimiki kueleza mzunguko wa dunia kwa mtu.

Mahali kidogo tofauti, hatua mia mbili au tatu, ni mto umehama. Mito inahama, hasa ile ya bondeni. Kiwira penyewe pale Kijungu maji yanaingia chini ya mwamba na kutokea mbele, sasa kama umechotea yanapotokea usishangae msafiri akitua yanapoingia, au katikati, na katikati hakuna hewa. Chotea sehemu iliyotulia.

Dalili: anaona nyakati mbili kwa pamoja

Umechanganya maji. Ukijaza ya bomba la mjini, hayo yametoka vyanzo kadhaa yakakutana kwenye tenki, kila chanzo kina umri wake na mahali pake, kwa hiyo msafiri anaona ukuta na msitu kwenye nafasi moja na anatapika. Mwaga, suuza kwa maji ya chanzo kimoja, jaza upya. Maji ya mvua ya moja kwa moja nayo usiweke, hayana umri wowote, msafiri anabaki pale pale sebuleni amesimama mbele ya mlinzi.

Dalili: msomaji anasema "hii siyo enzi hiyo"

Mtungi ni mzima, saa ni sawa, kalenda ni sawa, na bado msomaji haamini. Hapa kinachoumwa ni macho ya msafiri, anaona vitu ambavyo bado havijaja. Naomba uniruhusu nikae hapa kidogo kwa sababu ndo sehemu ninayoijali kuliko zote, hii nchi ya juu imebadilika sana kwa sura na watu tunadhani milele ilikuwa hivi.

Chukua msafiri anayetaka kuiona Lugalo, pale karibu na Iringa, tarehe 17 Agosti 1891, siku ambayo Wahehe wa Mkwawa walikivunja kikosi cha Wajerumani cha Zelewski. Mwandishi anampitisha Mufindi, anamficha nyuma ya msonobari, anampa harufu ya mkaratusi na anamvusha mashamba ya chai. Hakuna hata kimoja kati ya hivyo. Mkaratusi asili yake Australia, misonobari ya Sao Hill ililetwa na kupandwa na watu, chai nayo ilikuja baadaye na wageni. Mufindi ya mwaka huo ni majani, vilima vya majani mpaka macho yanachoka, na misitu ya asili imejikunja kwenye mabonde na makorongo. Na ni Agosti, mvua imekatika tangu Aprili au Mei, majani ni makavu rangi ya simba, ukikanyaga yanalia, sasa mtu akiniandikia matope ya magotini siku hiyo najua hajaishi huku. Tena ukungu wa asubuhi na baridi weka, hivyo havikosekani.

Na maji kumbuka. Kijito hakimfikishi 1891, lazima awe na maji ya kina, na ni lazima yawe yamechotwa Lugalo au karibu, ukimchotea Ngozi atatua Ngozi na kutoka Rungwe mpaka Uhehe kwa miguu ndani ya saa nne haiwezekani. Mwaka huo huo ukimtua Rungwe atakutana na Wamoraviani ndo wanafika kuanza misheni yao, nayo ni hadithi nzuri hakuna mtu anaiandika.

Mbeya mjini usiitafute kabla ya miaka ya 1920, mji umekua na dhahabu ya Lupa. Reli ya TAZARA ni ya miaka ya 1970. Hela pia, shilingi ya Tanzania imeanza 1966, kabla yake ilikuwa shilingi ya Afrika Mashariki, na wakati wa Mjerumani ni rupia, kwa hiyo msafiri anayetoa noti ya shilingi sokoni mwaka 1912 atakamatwa. Mkoa wa Njombe umezaliwa 2012 na Songwe 2016, hivyo kimondo cha Mbozi, lile chuma la tani kama 16, kwa msafiri wa 1990 kipo mkoa wa Mbeya na akiuliza njia ya kwenda mkoa wa Songwe atatazamwa.

Kuna wanaoenda mbali zaidi, Isimila pale karibu na Iringa, wakitaka kuwaona waliochonga yale mashoka ya mawe. Umri wa pale unakadiriwa zaidi ya miaka 200,000, mtungi wa kawaida hauwezi, tafuta maji ya chini sana. Ila jambo kubwa ni zile nguzo. Kila mwandishi anamtua msafiri kati ya nguzo za udongo wa Isimila kwa sababu ndo picha tunayoijua, na nguzo hazikuwepo, ni mmomonyoko umezichonga baadaye kabisa. Wakati ule pale palikuwa na ziwa dogo. Kwa hiyo msafiri anatua majini au kwenye tope la ukingoni, wanyama wakubwa wamekuja kunywa, na mtu ameinama anagonga jiwe juu ya jiwe, tak, tak, vipande vinamrukia miguuni. Hapo ukikaa ukaandika kwa utulivu huna haja ya adui, huna haja ya vita, msomaji atakaa na wewe saa zote nne za mtungi.

Dalili: hadithi imepoa, hakuna anayeogopa tena

Kila kikiharibika kitu wanajaza mtungi. Ng'ombe kafa, jaza. Mpenzi kaolewa, jaza. Sababu ni kwamba safari haigharimu chochote zaidi ya ndoo ya maji. Wengi wanatibu kwa kuweka laana, ukitumia unazeeka miaka kumi, na mimi hiyo siipendi kwa sababu imetoka nje ya mtungi haina uhusiano na udongo wala maji. Gharama itoke ndani ya kifaa chenyewe. Udongo kila ukisafiri unapanuka matundu yake, jasho linaongezeka, safari ya kwanza ulikuwa na saa nne, ya pili tatu na kitu, na siku moja mtungi hauwezi hata kushika maji. Kupata mwingine mpaka ushuke Matema kwa wafinyanzi, na mfinyanzi ana haki ya kukuuliza ule wa kwanza uliutumia kwa nini. Hapo watu wenyewe wataanza kubishana kama ng'ombe anastahili, na huo ubishi ndo hadithi.

Dalili: akifanikiwa, safari inajifuta

Binti wa Tukuyu anarudi kumzuia babu asiuze shamba la kahawa. Babu anasikia, hauzi. Familia inabaki na shamba, binti anakua hana shida, hana sababu ya kujaza mtungi, kwa hiyo hakwenda, kwa hiyo babu kauza. Mtungi unatetemeka unatoa maji unarudisha maji na mwandishi analala.

Mwaka 1949 mwanahisabati Kurt Gödel alionyesha kwamba hesabu za Einstein zinaruhusu ulimwengu ambao njia ya muda inajipinda mpaka kurudi ilikotoka, kwa hiyo sio waandishi wa hadithi tu wanaohangaika na hili. Kwenye mtungi matibabu ninayoyaamini ni swali moja: nani anakumbuka? Jibu lako liwe mlinzi. Mlinzi alikuwa kando ya maji muda wote, kilichotokea nje kinaweza kubadilika lakini yeye habadiliki, anakumbuka shamba lilivyouzwa hata kama sasa halijauzwa. Binti akirudi anakuta maisha mapya asiyoyajua, na mtu pekee anayejua alichofanya ni shangazi aliyekaa na mtungi. Safari haijifuti kwa sababu kuna shahidi. Na utaona mara moja kazi ya ulinzi imekuwa nzito, shangazi amebeba nyakati mbili kichwani peke yake, ndugu zake wanamwona anachanganya mambo, anamuulizia mtu ambaye kwao hakuwahi kuzaliwa.

Kama hutaki babu abadilike kabisa pia inafaa, binti anafika, anasema, na maneno yake ndo yanamtia babu hofu akauza. Ila chagua moja na usiichanganye na nyingine katikati ya kitabu.

Dalili: mtungi umepasuka msafiri akiwa huko

Kwanza mlinzi asiokote vigae, akinge maji. Yaliyobaki kwenye kigae cha chini bado yanahesabika ikiwa hayajagusa ardhi, na kwa alama zetu sentimita mbili za chini ni saa nzima kama bado zina tundu lilelile la kupitia. Aweke nta kwenye ufa, sio kwenye tundu, ukiziba tundu umemfungia mtu kule. Kama yamemwagika yote mara moja basi msafiri amevutwa mara moja, atatua na kizunguzungu na alichokuwa ameshika kimebaki huko, hilo ni la kawaida mpe uji mlaze.

Hali mbaya ni maji kunywewa na udongo wa sakafu polepole bila kuisha, nyumba nyingi za zamani sakafu ni ya udongo, na hapo msafiri havutwi wala haachiwi. Mlinzi achimbe palipoloa, udongo wote mpaka penye ukavu, auweke kwenye chombo cha Wakisi kingine chochote kile hata chungu cha mboga, auanike juani. Jua likishakausha, maji yameisha. Msimu wa kiangazi ni siku moja au mbili. Ikiwa imetokea Machi na mvua za Rungwe, hesabu wiki, na kwa wiki hizo mwandike msafiri anakula nini, analala wapi na nani kampokea, kwa sababu msomaji ataanza kuuliza siku ya pili.